Jina Ambalo Mama Mwanvua Hakuliacha Litoke Hewani

Baada ya miaka ishirini ya kuongoza matangazo ya televisheni yetu hapa Kasongo, Mama Mwanvua Djafari anastaafu tarehe 30 Juni 2026.

Wafanyakazi wapya hawajui tulivyoanza. Kamera ilikuwa moja, jenereta ilizimika ilipotaka, na sakafu ya mbao ililia hata tukivua viatu. Kila kilichosemwa studio kilifika majumbani papo hapo. Mama Mwanvua alikaa kwenye mitambo ya sauti akitokwa jasho, huku akitutania ili tusikosee. Mbuzi wa jirani alipovamia habari za michezo, Mama aliamuru kamera imsindikize mpaka mlangoni.

Jioni tunayoikumbuka zaidi, surua ilikuwa ikiua watoto Kabambare. Tulimwalika Gérard, mfanyabiashara wa Salamabila, kulekule Kabambare, aliyefiwa na mwanawe kwa surua, awahimize wazazi kuchanjisha watoto. Alianza vizuri. Ghafla akaikazia macho kamera.

“Lakini mie namujua mwenye alimuloga mutoto wangu. Iko hapa Kasongo, anauzishaka kwenye soko. Jina yake...”

Mama Mwanvua akazima sauti. Sisi wa studio tulilisikia jina, mji haukulisikia. Mkurugenzi wetu, Michel, aliingia akifoka: “Rudisha sauti! Watu wote wanatuangalia!”

“Ni juu ya ile nimezima, chef: watu wote wanatuangalia.”

Akainuka, akaingia mbele ya kamera peku, akaketi karibu na Gérard na kumshika mkono. Ndipo akatupa ishara tufungue sauti.

“Gérard, mutoto alikuwa anapenda nini?”

Angeweza kulitaja jina tena, na safari hii mji ungelisikia.

“Kupanda pikipiki na mie,” akajibu, akaangua kilio.

Kipindi kikiwa hakijaisha, vijana walishajaa langoni wakidai jina. Tulidhani Michel angemfukuza Mama Mwanvua kazi siku ileile. Badala yake alitoka mwenyewe kuwakabili. “Jina gani? Masini iliharibika, hata sie hatukusikia!” Walipiga kelele, wakatikisa lango, mwishowe wakatawanyika. Ndani, Mama Mwanvua alikuwa bado amemshika Gérard mkono.

Hakuna hata mmoja kati yetu aliyewahi kulitamka jina hilo. Mwenye jina bado yuko sokoni, anapokea salamu zetu bila kujua kitu.

Mama Mwanvua, sasa unakwenda Wamaza kulima karanga zako. Asante kwa kazi, kwa utani, na kwa jioni ile. Tunakuombea afya, mvua ya kutosha, na siku nyingi zenye utulivu.