Halimu Dunstan Kumburu, Ambaye Hakuwahi Kuwa Wilfred

Marehemu Halimu Dunstan Kumburu alizaliwa tarehe 14 Agosti 1961 ndani ya mtumbwi, kati ya Lundo na Liuli. Waombolezaji mlioshika ratiba yenye jalada linalosema "Wilfred" msiinuke kuondoka, hamjakosea msiba. Jalada lilichapwa Jumatano mjini Mbinga, wasifu huu umechapwa leo Ijumaa asubuhi, na katikati hapo familia imegombana juu ya jina litakaloandikwa msalabani. Ugomvi wenyewe una umri sawa na marehemu, kwa hiyo kuuacha nje ya wasifu wake itakuwa sawa na kumzika nusu.

Siku hiyo mama yake, marehemu Recho, alikuwa anapelekwa hospitali ya misheni Liuli. Uchungu haukungoja. Baba yake, marehemu Dunstan, alikuwa mbele akipiga kasia, mgongo kawageuzia wanawake, kwa sababu mwanamume haangalii uzazi hata kama uzazi uko nyuma ya kisogo chake. Mwanamke mwingine mle mtumbwini alikuwa mmoja tu: Bi Mwatumu binti Halimu, mwuza vitenge kutoka Tunduru, aliyekuwa ameomba lifti yeye na furushi lake. Ndiye aliyempokea mtoto. Mtoto hakulia.

"Mbatize, mama," Recho alisema kwa sauti ya kuishia. "Asiende hivi hivi."

"Mimi? Mwanangu, mimi ni Mwislamu."

"Yeyote anaweza!" Dunstan alipaza sauti kutoka mbele. Hilo alifundishwa na katekista, na katika mafundisho yote ya katekista ndilo pekee lililokuwa limemkaa kichwani. "Ni maji na maneno tu. Mimi nitatamka, wewe rudia."

"Si ugeuke umbatize mwenyewe, baba mtoto?"

"Siwezi kugeuka, mama! Nitatazamaje?"

Bi Mwatumu akachota maji ya ziwa kwa kiganja. Akaanza na Bismillahi kwa mazoea, akajikatiza, akasema, "Haya, tamka. Jina nani?"

Dunstan jina hakuwa nalo. Kwao jina la mtoto halitafutwi kabla mtoto mwenyewe hajaonekana, na huyu alikuwa hata hajatazamwa.

"Jina, baba mtoto! Mtoto anapoa huyu!"

Dunstan akazidisha kasia. Bi Mwatumu akaona anachezewa. Akachukua jina lililokuwa karibu, la marehemu baba yake, akasema kwa nguvu, "Halimu, nakubatiza!" Dunstan akitamka kwa mbele, yeye akirudia kwa nyuma: kwa jina la Baba, maji, na la Mwana, maji, na la Roho Mtakatifu, maji. Kwenye kiganja cha tatu mtoto akalia kwa hasira ambayo, wanaomfahamu wanajua, hakuiacha mpaka utu uzima. Baadaye Bi Mwatumu alikuwa akiulizwa na watu wa kwao ilikuwaje, naye akijibu, "Mungu anajua nilikuwa namsemea mtoto wa watu."

Walipofika Liuli, Dunstan alimwendea Padre akitaka mtoto abatizwe upya, vizuri, apewe jina la kanisani. Padre alimuuliza kama maji yalikuwepo.

"Ziwa zima, Padre."

"Na maneno?"

"Niliyasema mimi mwenyewe, Padre. Yeye alirudia."

Basi Padre akamwambia kwamba ubatizo si chanjo, haurudiwi. Halimu ameshabatizwa, aende naye nyumbani. Hivyo ndivyo familia ya Kianglikana, yenye mashemasi wawili na mpiga kengele mmoja, ilivyorudi Lundo na mtoto anayeitwa kama shehe.

Marehemu alisoma shule ya msingi kijijini mwaka 1969 hadi 1975. Kipindi cha dini kilipofika, mwalimu aliita majina, akiwagawa watoto Wakristo huku, Waislamu kule. Aliposoma "Halimu" hakuinua hata macho, akaonyesha kule. Marehemu alikwenda kule. Watoto wa kule walikuwa wachache na waliketi kwa nafasi, jambo lililompendeza, akakaa muhula mzima bila kumwambia mtu nyumbani.

Ni huko alikofundishwa maana ya jina lake. Mwalimu wa dini, ambaye siku nyingine alikuwa bwana shamba, aliwaeleza kwamba ni neno la Kiarabu, na ni mojawapo ya sifa za Mwenyezi Mungu, ndiyo maana wengine huitwa Abdulhalimu, mtumwa wa huyo Mwenye sifa hiyo. Na katika Kurani, Ibrahimu alipobashiriwa mwana, aliambiwa huyo mwana atakuwa halimu. Marehemu akauliza halimu maana yake mpole?

"Hapana. Mpole anaweza kuwa mwoga tu," mwalimu akasema. "Halimu ni yule mwenye sababu ya kukuzaba kibao, na nguvu ya kukuzaba anazo, na mkono wake anauzuia mwenyewe."

Mtoto alilipeleka jambo hilo nyumbani, na ndipo muhula wake kule ulipogundulika. Mama yake alimtazama mwanawe, ambaye asubuhi hiyo alikuwa amemng'oa jino mtoto wa jirani kwa ajili ya goroli, akasema, "Basi wangekuita Petro. Petro alimkata mtu sikio na funguo akapewa."

Dunstan alikwenda shuleni, akamhamisha mwanawe huku. Lakini wasiwasi ulikuwa umemwingia, na marehemu alipopata kipaimara mwaka 1976, baba yake aliomba aongezewe jina Wilfred. Likaongezwa. Marehemu hakuwahi kuliitikia. Ukiita Wilfred akiwa peke yake chumbani, alikuwa anageuka kutazama mlangoni ni nani ameingia.

Mwaka 1979 alianza kazi ya kununua usipa, dagaa wa ziwa letu, mwambao wa Liuli, kuukausha na kuupandisha Mbinga, akirudi na maharage na mahindi. Aliifanya kazi hiyo mpaka miguu ilipomkataa. Tuseme ukweli, kwa sababu hata yeye alikuwa anausema: hakuwa mtu wa hasira za mbali. Mteja mmoja sokoni Mbinga alipomwambia mizani yake imechezewa, marehemu aliichukua ile mizani, akaitupa korongoni, kisha akashinda wiki akiuza kwa kukadiria na kupata hasara. Wenzake walimwita Shehe wa Usipa. Na kila penye shughuli, arusi au ubarikio, wenyeji wakisikia yupo mtu anaitwa Halimu walimletea kisu achinje, ili Waislamu waalikwa nao wale bila wasiwasi. Kila mara alirudisha kisu na kueleza habari ya mtumbwi. Kuna watu Mbinga wameisikia habari hiyo mara nyingi kuliko Injili.

Kisu hicho hicho ndicho nusura kimkoseshe mke. Mwaka 1987 alimpenda Vitalia, binti wa Mzee Joakim, mkulima wa kahawa huko juu Mbuji, Mkatoliki wa kufunga Kwaresima yote. Alikwenda kujitambulisha akiwa na mshenga wake, Wendelin, na ndoo ya usipa mkavu. Mzee Joakim alikuwa amesikia jina tu. Kwa ustaarabu wake alikuwa ameandaa beberu, na akamwalika mwenye bucha wa sokoni, Mwislamu, ili mkwe asijione peke yake. Akamkabidhi kisu.

"Haya, baba. Kazi yako hii."

"Shikamoo tena, mzee. Mimi siwezi kuchinja."

"Mtu wa ziwani anaogopa damu?"

"Mimi ni Mwanglikana."

Mzee Joakim alimtazama mwenye bucha. Mwenye bucha akamtazama beberu.

"Mwanglikana gani anaitwa Halimu?"

Marehemu akaeleza habari ya mtumbwi. Wendelin, akiona mambo yanaharibika, akaingilia, "Lakini analo lingine, mzee! Wilfred! La kipaimara."

"Aa, sasa unaongea," Mzee Joakim akasema. "Basi wewe Wilfred, hilo jina la kuokota kwa mwuza vitenge liache hapo nje kwenye zizi la mbuzi. Ingia ndani ukiwa Wilfred, na binti ni wako leo hii."

Wendelin alikuwa anamjua mwenzake. Akakiondoa kisu taratibu, akasogeza na ndoo. Marehemu alisimulia mara nyingi kwamba wakati huo aliona kila kitu cha kurusha katika uwanja ule: kinu, jiwe la kunolea, na Mzee Joakim mwenyewe, ambaye hakuwa mzito. Kisha akaiweka mikono nyuma yake, akaishikanisha.

"Mzee, huyo mwuza vitenge ndiye aliyeniona kwanza," akasema. "Nikiliacha jina lake nje, na mimi nabaki nje nalo."

Akaenda kukaa kwenye zizi, kando ya beberu. Mvua ya mlimani ikanyesha, ile ya Mbuji isiyo na haraka ya kwisha, naye akakaa. Watu wakachungulia. Hakutukana, hakuondoka. Jioni Vitalia, ambaye siku nzima hakuwa ameulizwa lolote, alitoka na kikombe cha kahawa, akasema watu wote wakisikia, "Kunywa, Halimu." Ndipo mwenye bucha alipocheka mpaka akashika ukuta.

"Mzee Joakim, huyu ndiye Halimu kweli kweli. Ulitaka afanye nini zaidi? Nipe kisu, mvua itatulalisha njaa."

Mwenye bucha akachinja. Marehemu na Vitalia walifunga ndoa tarehe 28 Mei 1988, na Mungu aliwajalia watoto watatu: Hedwiga, Bartholomayo na Scholastica. Marehemu alisema majina hayo aliyachagua kwa makusudi, maana vita ya jina inatosha mtu mmoja kwa kila nyumba.

Bi Mwatumu alipofariki mwaka 1999, marehemu alipanda mabasi mpaka Tunduru akiwa na kofia aliyowahi kushonewa na bibi huyo. Watoto wa Bi Mwatumu walimweka katika mstari wao wa kupokea pole. Aliporudi aliulizwa na Hamphrey, mdogo wake, kama huko hakuona aibu kusimama pale akiwa Mkristo. Akamjibu, "Huko ndiko mahali pekee ambako hakuna aliyeniuliza kwa nini naitwa hivi."

Mwaka 2019 marehemu alianza kusumbuliwa na shinikizo la damu, na mwaka 2023 alipata kiharusi kilichomlegeza upande wa kushoto. Alitibiwa Mbinga, kisha Liuli. Familia inawashukuru waganga na wauguzi, ambao aliwafokea wote kwa usawa na asubuhi iliyofuata akawaomba radhi kwa usawa. Alifariki tarehe 11 Machi 2025 alfajiri, hospitalini Liuli, mkewe akiwa pembeni yake.

Hamphrey ndiye mwenyekiti wa kamati ya mazishi, na kazi hiyo ameifanya bila kulala. Ndiye aliyeagiza jalada, na ndiye aliyeagiza msalaba uandikwe "Wilfred D. Kumburu". Hakufanya kwa ubaya. Jana mchana ulipoletwa, Vitalia aliusoma, akauliza, "Huyu Wilfred ni nani?"

"Shemeji, si kaka huyo."

"Nauliza ni nani, mimi simjui. Sijawahi kumpikia Wilfred wala kugombana naye. Miaka miwili hii sikuwa nambeba Wilfred kumpeleka bafuni."

"Shemeji, nielewe. Watu wa Mbinga wanashuka kesho. Watasoma pale, watasema tumemzika Mwislamu kwa misa."

"Watu wa Mbinga ni ndugu zangu, waache waseme," Vitalia akajibu. "Lakini kama kesho mnamzika Wilfred, nendeni salama, na mkewe mkimwona mpeni pole. Mimi nitabaki ndani namngojea mume wangu."

Akaingia ndani, akafunga mlango. Wazee wakabisha hodi, hakufungua. Hamphrey akaona bora akamchukue Padre aje amweleze mjane taratibu za Kanisa.

"Marehemu alibatizwa kwa jina gani?" Padre akamuuliza.

"Halimu, Padre."

"Sasa umekuja kuniuliza nini?"

Hamphrey alitoka pale akapita dukani, akanunua kopo la rangi nyeupe na kopo dogo la nyeusi. Fundi hakuwepo. Akauegemeza msalaba kwenye ukuta wa nyumba, akakunja mikono ya shati, akalifuta Wilfred, akaandika mwenyewe, herufi moja moja. Mlango ukafunguliwa. Vitalia akatoka na kigoda, akaketi kando yake mpaka alipomaliza.

Marehemu ameacha mjane, Vitalia, watoto watatu, wajukuu saba, na mdogo wake Hamphrey, ambaye leo mikono yake bado ina rangi. Msalaba nao haujakauka vizuri. Wanaoweka mashada wanaombwa wasiuegemee.

Halimu, umefika. Pumzika, na Mungu akupe amani yake.