Amina Niliyomnyima Mdogo Wangu

Bwana asifiwe, ndugu zangu! Asifiwe na aliye mzima, asifiwe na aliyelala kitandani akisikiliza kwa mbali! Nimesimama mbele yenu leo na moyo mwepesi, na kwa mtu aliyebeba mzigo wa hasira miaka tisa, wepesi huu si jambo dogo.

Wengi wenu mnanijua. Mimi ni Mama Neema, fundi cherehani wa pale kwenye baraza la duka la vitambaa, hapa hapa Tabora mjini. Wasionijua kwa sura wananijua kwa sauti. Najua mmenibandika jina, mnaniita Mama Amina. Mnadhani sijui! Mchungaji akivuta pumzi tu, mimi nishaitikia. Mgeni akisalimia, Amina! Tangazo la kufagia kanisa likisomwa, Amina! Wahenga walisema debe tupu haliachi kuvuma, na debe lenyewe nilikuwa mimi.

Ndugu zangu, neno hili hapa kwetu ni la watu wote. Mtu akikutakia safari njema unamjibu Amina. Mtoto akiombewa akue, nyumba nzima inaitikia Amina. Majirani zetu Waislamu wakimaliza dua wanasema Amin. Wakatoliki wa kule Ulyankulu, padre akiwanyanyulia ekaristi, wanajibu Amina ndipo wapokee. Mimi nilikuwa nalitumia kama kifungo cha shati. Nimemaliza kushona, napiga kifungo cha mwisho, naweka pembeni, nachukua shati jingine. Sikuwa najiuliza nimeitikia nini.

Lakini kuna siku moja katika maisha yangu nilitakiwa kuitikia nikafunga mdomo makusudi. Hiyo ndiyo siku iliyonifunga.

Mama yetu alitulea wawili, mimi mkubwa na mdogo wangu Nyamizi. Nyamizi aliolewa Bukene, mama akabaki na mimi. Alipopooza nilimuuguza miaka miwili. Nilimwosha, nilimgeuza, nilimlisha uji kwa kijiko. Sisemi ili mnisifu, nasema ili mjue nilikuwa nimechoka kiasi gani. Nyamizi akaja kumwona, akakaa siku tatu. Siku tatu, ndugu zangu! Siku ya tatu asubuhi, anajiandaa kuondoka, mama akatuita. Mle chumbani tulikuwa sisi watatu tu. Mimi nilikuwa nimetoka kumwosha, nimeshika beseni la maji machafu. Mama akasema Nyamizi apige magoti, akamwekea mkono kichwani, ule mmoja uliokuwa unafanya kazi, akaanza kumbariki kwa Kinyamwezi, polepole, maana ulimi ulikuwa mzito.

Kwetu mzazi akibariki hasemi peke yake. Anasema neno, anatua, na watoto waliopo wanaitikia. Sasa hivi tunaitikia Amina. Ndugu wakiitikia, baraka ile ni ya nyumba nzima na hakuna atakayesema hakuisikia. Ukinyamaza maana yake umekataa. Hata mtoto mdogo anajua hivyo.

Mama akasema, "Mungu, mtunze huyu niliyemzaa mwisho." Akatua. Mimi kimya. Akasema, "Mpe nyumba yenye amani. Mpe chakula na mtu wa kula naye." Akatua tena, akanitazama. Mimi kimya! Ndugu zangu, moyo wangu ulikuwa unachemka. Nilijiuliza, mimi ninayenuka dawa na mkojo miaka miwili sibarikiwi, anabarikiwa mgeni wa siku tatu? Nikageuka na beseni langu nikatoka nje. Nikamwaga maji kwa kishindo mpaka kuku wakatawanyika. Nyamizi alipotoka macho yamevimba kwa kulia, sikumsindikiza hata hadi barabarani.

Wiki iliyofuata mama akafariki.

Msibani Nyamizi alinivuta kando akasema, "Dada, kuna neno la mama." Nikapaza sauti mbele ya waombolezaji wote, "Sitaki kusikia neno lolote la mle chumbani!" Watu wakainamisha vichwa. Toka siku hiyo hatukuongea tena. Simu yake sikupokea. Alituma salamu kwa watu wawili watatu, nikawaambia wamrudishie salamu zake. Na kila Jumapili nilikuja hapa nikapiga Amina kushinda wote! Nisameheni.

Sasa sikieni jinsi Bwana alivyonikamata. Alinikamatia hapa hapa, kwa mdomo wangu mwenyewe.

Jumapili ile mchungaji alifundisha juu ya neno hili. Akasema asili yake ni kitu kilicho imara, kitu unachoweza kukiegemea kisianguke. Akasema anayesema Amina ametia sahihi, sala ile imekuwa yake. Akatukumbusha tunavyolima kwa pamoja huko vijijini, kwamba mwimbishaji anaimba peke yake, lakini majembe yanashuka kwenye kiitikio. Mwimbishaji hata akiwa na sauti nzuri vipi, shamba linalimwa na wanaoitikia. Hayo yote nilisimuliwa baadaye. Mimi wakati ule nilikuwa nawaza gauni la bibi harusi mmoja, nililolikata kiunoni likaja dogo, na harusi Jumamosi!

Mchungaji akaanza kuomba. Akasema, "Bwana, mtie nguvu mtu ambaye wiki hii, kabla ya Jumapili ijayo, atakwenda kwa ndugu yake wa tumbo moja ambaye hawasalimiani..." Akatua, apumue. Kanisa zima limenyamaza, kila mtu anajipima. Mimi na gauni langu kichwani nikasikia pengo, nikalijaza: "AMINA!"

Peke yangu, ndugu zangu. Mabati yakaitika.

Mnakumbuka mlivyocheka? Nilifungua macho nikaona wote mmegeuka, maana habari zangu na Nyamizi mlikuwa mnazijua. Mchungaji naye akafungua macho, akatabasamu, akasema, "Mama Neema, Bwana amesikia." Nilitamani ardhi ipasuke. Nilitoka kabla ya sadaka.

Jumatatu nikamsimulia mwenye duka, Mzee Karim. Babu zake walitoka India, yeye amezaliwa Tabora na anajua utani wetu kuliko sisi. Nilidhani ataniliwaza. Nikamwambia, "Mzee, nilijisahau tu. Nitakwenda siku moja, Mungu akipenda."

Akavua miwani. "Mama Neema, usimsingizie Mungu. Mungu ameshapenda, asiyependa ni wewe. Sisi msikitini hatuitikii Amin kabla imamu hajamaliza. Wewe umewahi, sala yote umeibeba peke yako. Sasa unanipimia suruali ya nini? Nenda kwa mdogo wako."

"Na gauni la watu?"

"Gauni nitampa fundi mwingine alipanue. Nenda!"

Nikapanda treni ya Mwanza. Njia nzima nilikuwa napanga maneno, nayapangua. Maji yakimwagika hayazoleki, nikajiambia, na mimi nilimwaga mengi. Niliogopa, ndugu zangu, nasema wazi. Niliogopa kwamba mdogo wangu atanifungia mlango mbele ya majirani, na kwamba nitastahili. Akinifungia, basi, maana ndugu wa tumbo moja sina mwingine chini ya jua.

Nilishuka Bukene saa nne asubuhi. Mumewe, shemeji Kulwa, ndiye aliyeniona wa kwanza, anapakua magunia ya mpunga. Akabaki na gunia begani, hajui alishushe au aendelee nalo. Akaita, "Mama Shija! Hebu toka, kuna mgeni." Nyamizi akatoka na mikono ya unga. Amenenepa kidogo, ana mvi mbili tatu. Akapiga goti, kama tulivyofundishwa na mama, akasema, "Shikamoo, dada."

Miaka tisa sijasikia shikamoo ile! Badala ya marahaba nikaanza kulia palepale uani, na shemeji, ambaye ni mtu mwenye busara, akakumbuka ghafla kwamba ana kazi upande wa pili wa nyumba.

Nikamwambia Nyamizi, "Mdogo wangu, nimekuja kuitikia. Siku ile nilinyamaza. Nimekuja kusema Amina."

Hakunirahisishia. Akaniambia, "Umechelewa, dada. Unajua mimi nimeishi vipi? Kila nikikwaruzana na mume wangu, nakumbuka kwamba mama alipoomba nyumba yangu iwe na amani, dada yangu hakuitikia. Unakuja kuitikia nini leo? Hata maneno yenyewe unayakumbuka?"

Nikamwambia nayakumbuka yote. Na kweli, kwa hasira nilikuwa nimeyatafuna miaka yote ile. Nikapiga magoti naye, nikamwekea mkono kichwani, nikayasema kwa Kinyamwezi kama mama alivyoyasema. Mungu, mtunze huyu aliyezaliwa mwisho. Amina. Mpe nyumba yenye amani. Amina. Mpe chakula na mtu wa kula naye. Amina! Hiyo ndiyo ilikuwa Amina yangu ya kwanza, wapendwa. Zile zingine mlizokuwa mnazisikia zilikuwa kelele.

Nikataka kusimama. Nyamizi akanishika mkono. "Endelea."

"Yameisha."

"Hayajaisha, dada. Wewe ulitoka na beseni." Akafuta macho kwa kiganja, unga ukampaka usoni. "Mama alikuwa hajamaliza. Wewe ulipotoka, akasema: 'Na huyu mkubwa wangu, mikono yake iliyoniosha isikose kitu. Alinibeba kama nilivyombeba. Mimi sina cha kumpa, Mungu, mpe wewe. Na siku yake ya kuchoka ikifika, aoshwe na mtu mwenye mikono ya upole kama yake.' Halafu akasikiliza. Akaniuliza, yuko wapi? Nikamwambia, amekwenda kumwaga maji. Akasema, 'Basi mwitikie wewe, kisha umwambie.' Mimi niliitikia ya kwako siku ileile. Kukuambia ndiko ulikonikataza."

Ndugu zangu!

Ndugu zangu, nilikaa chini kwenye vumbi la uani kama mtoto. Baraka yangu ilikuwepo. Ilikuwa inafuata! Ningesubiri kidogo tu, kwa kuitikia mara mbili, ningeisikia kwa masikio yangu kutoka kinywani mwa mama. Nikakumbuka wiki ile ya mwisho, ulimi wake ulipokuwa umefunga kabisa, alivyokuwa akiupapasa mkono wangu, akiupapasa tena na tena, akinitazama. Nilidhani ana kiu. Nikampa maji.

Hilo linaniuma hadi leo, sitawadanganya. Lakini haliniui tena, kwa sababu mtu niliyemchukia ndiye aliyenitunzia fungu langu. Nilimnyima Amina yangu, yeye akanipa ya kwake, akakaa nayo Bukene miaka tisa akingoja siku nitakayokubali kuambiwa. Kama huo si ukombozi, mimi sijui ukombozi ni nini! Bwana hakungoja niwe mwema. Alinishika nikiwa nimejisahau kanisani nawaza kiuno cha gauni la watu, akanipeleka.

Nilikaa kwake siku nne. Tulikula michembe, vile viazi vitamu vya kukausha, kwa karanga, tukachekana, tukagombana kidogo juu ya chumvi, tukacheka tena. Shemeji alisema nyumba yake haijawahi kuwa na kelele namna ile, na hakuonekana kuchukia. Mwenye kitenge cha bluu pale nyuma, anayejificha uso kwa leso, ndiye Nyamizi mwenyewe. Simama, mdogo wangu, wakuone. Ni yeye aliyenisukuma nije nishuhudie, la sivyo ningeona haya.

Namshukuru Mungu wangu. Nawashukuru nanyi mlionicheka, maana kicheko chenu kilinipandisha treni. Na wewe uliyekaa hapo umefura juu ya ndugu yako, sikuhukumu, maana njia hiyo nimeipita yote naijua ilivyo ndefu. Nakusihi umtumaini Bwana kwa hatua moja tu. Rudi ndani ya kile chumba ulichotoka kwa hasira. Muulize ndugu yako nini kilisemwa baada ya wewe kuondoka.