Mzee Kigingi, Aliyejitoa Nje ya Mji

Tarehe 30 Juni, baada ya miaka thelathini na miwili ya kazi, afisa mipaka wa mji wetu mdogo anastaafu. Ofisini tunamwita Mzee Kigingi, naye huitika. Anayeandika haya ni karani aliyekaa naye chumba kimoja na kuvumilia vigingi vya chuma nyuma ya mlango, mabuti yenye tope chini ya meza isiyo yake, na ramani ya mji iliyoziba dirisha letu la pekee kwa sababu, eti, kuta zina unyevu.

Alianza kama mshika kamba wa wapimaji, akapanda hadi kuwa afisa. Soko, kituo cha mabasi na barabara ya zahanati, vyote alivipima yeye. Shida ilikuwa kanuni yake moja: diwani hapigi kura kuhusu mahali ambapo hajapakanyaga. Kila kikao kikawa kinaanza kwa matembezi. Mwaka mmoja mwenyekiti aliacha kiatu kwenye tope la machinjio, akaendesha kikao kizima na soksi mguu mmoja. Mzee Kigingi alimpa pole, kisha akauliza kama tope limeonekana vizuri, maana ndilo lililokuwa ajenda. Ukweli usemwe, mtaro wa machinjio ulipitishwa siku hiyohiyo.

Lakini kilichotuchosha zaidi ni mto. Sheria iliyounda mji inasema mpaka wa kusini ni mto, basi, na mto wetu hautulii. Miaka ya nyuma ulihamia upande wa majirani, ukatuachia mashine yao ya kusaga. Walipolalamika, Mzee Kigingi aliwasomea sheria na kupigilia vigingi, nasi tukampigia makofi. Mkuki kwa nguruwe mtamu. Zamu ya binadamu ilifika mwaka juzi, mvua zilipoukatia mto njia mpya huku kwetu na kuziacha ng'ambo nyumba tatu: ya fundi baiskeli, ya mjane muuza mboga, na ya Mzee Kigingi mwenyewe.

Madiwani walikuwa tayari kufumba macho. Walimsihi apinde mstari kidogo tu. Akakataa, akisema sheria iliyotupa mashine ya kusaga ndiyo hiyohiyo. Asubuhi moja akachukua nyundo, akajitoa mjini yeye na mkewe. Bomba la maji la mtaa ule likafungwa, kwa kuwa baraza halihudumii watu wa nje. Fundi baiskeli aliacha kumsalimu. Mkewe, aliyelihangaikia bomba lile kwa miaka, alianza kuchota maji kwa majirani, tena kwa kupanda mlima, na kila alipopita ofisini alinilalamikia mimi, kana kwamba ndimi niliyemlea mumewe.

Kwa desturi yetu, mstaafu hupewa kiwanja ndani ya mji. Tukaona hapo ndipo pa kumrudisha nyumbani, tukamchagulia kiwanja kizuri mlimani, mbali na mto. Badala ya kushukuru, akauliza fundi baiskeli na mjane watahamia wapi. Akaambiwa hao hawakuwa watumishi wa baraza. Akajibu kwamba, kama ni hivyo, naye hahami. Tulimbembeleza, tukamgombeza, tukamtuma mwenyekiti, wapi. Mwishowe kikao kikafanyika hukohuko mlimani, kwenye jua kali, madiwani wazima wakibishana na mtu ambaye tayari tulishamwagizia zawadi ya saa ya ukutani. Tulichoka sisi, yeye hakuchoka. Vimekatwa viwanja vitatu.

Mzee Kigingi, umetuudhi kweli, na tunakupenda, na hatujui Jumatatu nani atatusumbua. Asante kwa kazi yako yote. Mkeo ameshafunga vyombo. Fundi baiskeli naye amekuja ofisini mwenyewe kusema ndiye atakayevibeba, na hataki kulipwa. Tunakuombea afya, maji karibu na mlango, na maisha marefu huko juu. Nenda kapumzike, mzee wetu, na sisi tupumzike.