Bi. Lua na Wiki Mbili Bila Dawa

Ijumaa, tarehe 28 Machi, Bi. Lua Dang anastaafu baada ya miaka ishirini na tisa katika vitalu vyetu vya Virginia, kaskazini mwa Adelaide. Alianza kwa kufungasha matango. Mwaka haukuisha akawa mkaguzi wa wadudu, maana alikuwa akiona kwenye majani vitu ambavyo wakaguzi wenyewe walikuwa wamevipita.

Kila asubuhi, lenzi shingoni, alipita safu kwa safu akigonga maua ya pilipili hoho juu ya karatasi nyeupe na kuhesabu wadudu walioanguka. Aliwasemesha wadudu kwa Kivietinamu. Walichoambiwa hatukijui, ila sauti haikuwa ya upole.

Tutamkumbuka zaidi kwa kiangazi cha vithiripi, wale wadudu wadogo kama uzi wanaofyonza maua na majani. Hoho zetu hazigusi udongo. Mizizi imo katika mifuko ya makumbi ya nazi na hulishwa kwa maji yenye virutubisho. Vithiripi hawakujali hayo. Tulipuliza dawa mara nne, wakazidi kuongezeka. Bi. Lua akaachilia wadudu rafiki wanaowala. Siku mbili baadaye mwenye shamba, Bwana Malliaris, aliagiza tupulize tena, jambo ambalo lingewaua rafiki wote.

Mimi ninayeandika haya nilikuwa nimeshavaa barakoa na pampu mgongoni. Nilimkuta Bi. Lua ameketi juu ya ndoo, katikati ya mlango wa kitalu.

“Kosta, ukitaka kupita, niruke.”

Bwana Malliaris alifika amefura. “Dada Lua, hoho hizi zikifa tunafunga. Watu arobaini nitawaambia nini?”

“Waambie ni mimi. Nipe wiki mbili tu, bosi.”

Bwana Malliaris akanigeukia, akasema, “Vua pampu.”

Wiki ya kwanza hesabu ilipanda. Bi. Lua hakula mchana, wala hakuna aliyethubutu kumuuliza. Siku ya kumi na moja aligonga ua, wakaanguka vithiripi watatu. Kesho yake alianguka mmoja, naye alikuwa mdomoni mwa mdudu rafiki. Bwana Malliaris aliomba lenzi, akatazama weee, kisha akakaa chini palepale.

“Nimepona, dada yangu,” alisema.

Bi. Lua alicheka, akafuta macho, akaenda kula chakula cha watu wawili.

Sasa anakwenda kuvua kaa Port Parham na mumewe, Hien, na ameapa hatagusa jani. Bi. Lua, asante kwa kukaa mlangoni siku ile. Pumzika kwa raha na afya njema. Huku tu salama.