Unga Mweupe Kwenye Trei

Ndugu zangu wa Kamachumu, nashukuru kwa nafasi hii ya kutoa ushuhuda. Maneno haya nimeyaandika mara nne tangu jana na bado nayaona yana makosa. Nitayasema yalivyo, na majina ya watu nitayaacha.

Mimi ni fundi umeme ambaye sikupita shule ya ufundi. Nilijifunza kwa kitabu kimoja kilichochakaa na kwa kutazama mikono ya wengine. Aliyejifunza hivyo huogopa siku zote kwamba atagunduliwa, kwa hiyo nilitaka kazi yangu isiwe na hata doa.

Mwaka jana kiwanda kimoja cha kahawa kule Bukoba kilikuwa kinatiwa umeme, nikapewa kazi ya trei. Trei ni mabamba marefu ya chuma yenye matundu, yanayoning'inizwa chini ya paa ili nyaya zilale juu yake. Chuma chake kimechovywa kwenye zinki ili kisishike kutu. Ziliposhushwa melini zilikuwa na vumbi. Nikaziosha moja moja, nikazipanga stoo zikiwa zimebanana, nikazifunika kwa majani mabichi ya mgomba. Nani kati yetu hakulelewa hivyo? Kitu kizuri hufunikwa kwa jani.

Mtunza stoo, mtu wa huku huku Muleba, alinitazama akacheka. "Waitu, fundi wetu," akasema, "hizo ni trei au ndizi za pombe? Unangoja ziive?"

Kicheko kile kiliniuma. Baada ya wiki mbili nilifunua, nikakuta trei zimeshika unga mweupe kama majivu, na chini ya unga zinki imefifia. Nawaambia kweli, sikujiuliza kama kosa ni langu. Nilijiuliza ni nani, na jibu nilikuwa nalo tayari. Ufunguo wa stoo anao yeye. Tena yeye Mkatoliki na mimi Mlutheri. Nalo hilo nililitia kwenye hesabu, Mungu anisamehe.

Nikaanza kumchunguza. Nilitazama viatu vyake kama vina majivu. Niliziosha trei, nikazifunika, nikafunga majani kwa fundo langu mwenyewe nione kama litaguswa. Akinipa kahawa ya kutafuna naipokea, kisha nageuka naitupa. Nilipoona unga tena, ingawa fundo halikuguswa, nilikwenda kwa bwana msimamizi, Mwingereza, nikamwambia mbele ya wafanyakazi wote kwamba mtu huyu anamwaga majivu kwenye trei ili nifukuzwe. Akanyang'anywa ufunguo, akarudishwa kwao siku ile ile. Ufunguo nikapewa mimi.

Trei zile nikaziosha tena, nikazifunika tena. Unga ukarudi.

Mnadhani nilielewa? Nilisema amechonga ufunguo wa pili. Nikachukua kipande kifupi cha trei, nikakipeleka chumbani kwangu, mtaa wa Bakoba pale mjini, nikakiosha, nikakifunga kwa jani, nikakiweka chini ya kitanda. Jumapili moja asubuhi nikakitoa kabla ya kwenda kanisani. Kilikuwa cheupe. Katika chumba kile haingii mtu ila mimi.

Sikwenda kanisani. Nilikipeleka kwa fundi mzee wa Kihindi aliyekuwa akifunga mota pale kiwandani. Alikikwangua kwa ukucha, akauliza nilikifungaje. Nikamweleza.

"Zinki inataka upepo," akasema. "Wewe umeilaza na maji, halafu umeifunika maji yasitoke. Hapa hakuna mchawi, kijana."

Ndipo nilipoelewa. Trei zingeweza kusafishwa. Mtu niliyemfukuza je?

Nilipanda lori hadi Muleba, nikamkuta shambani akipunguza machipukizi ya migomba. Nikamwambia yote. Hakuacha kukata.

"Mimi umeniomba msamaha," akasema. "Wale ulioniita mharibifu mbele yao, umewaomba?"

Kesho yake nikasimama mahali pale pale niliposimama kumshtaki, mbele ya bwana msimamizi na wafanyakazi, nikasema unga ule niliuleta mimi kwa kutojua, na uongo niliuleta kwa kujiamini. Mtunza stoo akarudishiwa ufunguo. Mimi nikateremshwa cheo, nikawa mbebaji chini ya yule fundi mzee, na haki yangu ilikuwa hiyo.

Kwake nilijifunza upya: kuziegemeza trei juu ya mbao, zikiachana, maji yachuruzike, na kila nilipokata kwa msumeno, kupiga tupa na kupaka rangi ya zinki pale palipo uchi kabla ya kuzitundika. Sasa zinaning'inia, na nyaya zimelala juu yake.

Namshukuru yule mzee aliyenifundisha bila kunicheka. Nawashukuru wafanyakazi walionisikiliza mpaka mwisho. Lakini zaidi namshukuru mtunza stoo. Nilimwomba aje aketi hapa leo. Akakataa: "Nenda peke yako. Mimi sina la kutubu."

Ndugu zangu, moyo wenye hofu hutafuta mkosaji haraka. Ukikuta doa kwenye kazi yako, kabla hujamtaja mtu, nenda nalo chumbani kwako, funga mlango, ulijaribu huko kwanza.