Volkmar Hennecke, Mwongozaji Aliyefutwa Jina

Ndugu waombolezaji, historia hii inasomwa na Fabien, shemeji wa marehemu, kwa niaba ya mjane, Mama Huguette, ambaye ameipitia mara tatu na amekataza liondolewe hata neno moja, kwa hiyo atakayechukia amchukie yeye, Fabien ni msomaji tu.

Papa Volkmar Hennecke alizaliwa tarehe 9 Februari 1957 mjini Cologne, Ujerumani, mtoto wa tatu wa fundi cherehani, akasoma hapohapo hadi sekondari, kisha mwaka 1979 akaingia chuo cha filamu mjini Munich, alikotolewa darasani mara mbili kwa kumwigiza mkuu wa chuo, na bado akahitimu mwaka 1983.

Alianza kwa kubeba nyaya katika kituo kimoja cha televisheni, na mwaka 1996 akawa mwongozaji wa vichekesho vya familia moja yenye baa, akaongoza vipindi sitini na vinne, watu wakimsubiri kila Ijumaa bila kuijua sura yake, maana mwongozaji hana cha kuonekana ila jina lake mwishoni mwa kipindi.

Novemba 2010 kituo kilimleta hapa Durban, Afrika Kusini, kurekodi vipindi vya pekee pale ufukweni South Beach, na Huguette, Mkongomani, msusi wa saluni ya jirani, akaajiriwa kuwatengeneza waigizaji nywele, siku ya nne akapewa kopo la rangi nyeusi na kuamriwa ampake Mjerumani mmoja usoni, aigize mkimbizi wa Kongo asiyejua kupanda lifti. Huguette alisimama na kopo mkononi, machozi yakimlengalenga, ndipo Papa Volkmar alipolichukua, akalimwaga mchangani, akasema mbele ya wote kwamba wanaomtaka Mkongomani wamtafute Mkongomani, wamlipe, na wampe maneno ya mtu mwenye akili. Alifukuzwa kabla ya chakula cha mchana, na hilo angelimeza, lakini watu hao, bila haya, walifuta jina lake katika vipindi vyote sitini na vinne, jasho la miaka kumi na minne, na mpaka leo vinarushwa kana kwamba vilijiongoza vyenyewe. Kama huo si wizi, wizi ni nini?

Hakurudi kwao. Tarehe 18 Agosti 2012 alifunga ndoa na Huguette, wakajaliwa binti, Lyse, tarehe 3 Mei 2014. Kazi aliiendeleza salunini, akirekodi kwa simu vichekesho vya Kiswahili alichofundishwa na wateja, na sheria yake ilikuwa moja, kila mzaha ulijaribiwa kwa wasusi kwanza, mkono wa msusi usiposimama kwa kicheko, mzaha unakatwa, hata kama ameuhangaikia wiki nzima. Wengi mlioketi hapa mliigiza, na majina yenu yote aliyaandika mwishoni, hadi la aliyeshika mwavuli.

Juni 2024 aligundulika kuwa na kansa ya kongosho, akatibiwa miezi tisa, akafariki Jumanne tarehe 11 Machi 2025, saa tatu asubuhi, mkono wake ukiwa ndani ya mkono wa Huguette.

Alhamisi kituo kilekile kikaleta shada la maua na barua, kikimwita mtoto wa nyumba yao, kikiomba historia hii iseme kwamba aliacha kazi kwa sababu za afya. Huguette alijibu warudishe jina kwanza, nao wakajibu kwamba kanda za zamani hazibadilishwi. Walipolifuta zilibadilika vipi? Basi isikike vizuri, Papa Volkmar alifukuzwa akiwa mzima kabisa, kwa kumtetea mwanamke ambaye hata jina lake alikuwa hajalijua.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, majirani wa ghorofa ya saba waliopika tangu Jumanne, wasusi wenzake Huguette waliofunga saluni, na akina mama wauzaji wa soko la Warwick walioleta viti. Kituo cha televisheni hakimo katika shukrani hizi, na hatukukisahau.

Volkmar Hennecke, mwongozaji, pumzika kwa amani.