Nyumba Aliyoichora kwa Chokaa

Wasikilizaji wapendwa, vuteni viti. Leo tunamkumbuka mtengeneza filamu za maisha ya watu. Wenzake walimwita Polepole. Ametutoka Jumanne iliyopita, akiwa na miaka sitini na mmoja.

Polepole hakumhoji mtu kwenye kiti, taa zikimmulika usoni. Alimpeleka pale pale alipoishi. Nyumba ikiwa imebomolewa, aliichora chini kwa chokaa, kwa vipimo vyake: mlango hapa, jiko pale, kitanda kule. Kisha alimwambia mwenyewe, "Karibu ndani." Halafu akanyamaza. Kazi yake ndiyo hiyo: kuchora, kukaribisha, kunyamaza.

Fundi wake wa sauti aliniambia, "Bibi, watu walitucheka! Eti tumekosa nyumba ya kupiga picha. Lakini mwenye nyumba akifika, hakanyagi ukuta. Anazunguka mpaka mlangoni. Akishaingia tu, maneno yanakuja yenyewe."

Miaka mingi aliwachorea wengine. Mwaka juzi ikawa zamu ya mama yake. Mama alikuwa amesahau mengi, hata mwanawe. Alimwita "daktari", akimshukuru kwa kuja kumwona. Polepole alitaka jambo moja tu: mama amtambue, japo mara moja.

Nyumba yao ya zamani sasa ni uwanja wa malori. Madereva wakakubali kuyasogeza. Polepole na dada yake, ambaye ni mshonaji, wakapima kwa utepe wa kupimia nguo, wakachora.

Dada anasimulia: "Mama alifika, akainama. Mlango wetu ulikuwa mfupi. Hakuna mlango, Bibi, lakini aliinama! Akaenda mpaka jikoni. Kaka akamfuata, kamera begani. Mama akageuka, akafoka: 'We Kijino! Viatu gani hivyo? Huoni sakafu haijakauka?'"

Kijino ni jina lake la utotoni. Miaka minne halikuwa limetoka kinywani mwa mama.

Sasa sikieni alichofanya mtaalamu wetu. Aliweka kamera chini, akavua viatu. Akasahau kuizima! Dakika sita nzima filamu inaonyesha gurudumu la lori na kipande cha mstari wa chokaa. Tunasikia sauti tu. Mama anagomba. Mwanawe, mtu mzima na mvi zake, anasema, "Nisamehe, mama," anacheka, analia.

Wakubwa wa studio walitaka akate kipande hicho. Akawajibu, "Nikikata hicho, nabaki na nini?" Hakukata. Tunamshukuru sana kwa hilo.

Kesho yake mama alimwita tena daktari.

Tunawapa pole dada, fundi wa sauti na jamaa wote. Nanyi wasikilizaji wapendwa, kama kwenu yupo mtu anayeanza kusahau, msimpe mtihani. Msimwulize, "Mimi nani?" Kaeni naye tu, mahali anapopajua.

Na wewe, mama, najua binti yako amekuwekea redio karibu. Huenda hujui ninamsema nani. Basi nakwambia taratibu: ulizaa mwana, alikutafuta, na siku ile ulimjua. Ahsante kwa kutuzalia.